Mwalimu Asiyejibu Maswali

Mwalimu wa sheria wa chuo kimoja pale Makanyagio hajibu swali, humrudishia aliyeuliza. Huingia darasani mikono mitupu, hukunja mikono ya shati taratibu, kisha kwa sauti ya chini humwita mtu mmoja: "Haya, wakili, tuambie." Nyamizi, binti wa wafugaji, alikuwa akimwogopa kuliko mtihani.

Siku ya mahakama ya mazoezi, kesi ilihusu ng'ombe walioingia shamba la mahindi, na Nyamizi akapangiwa kumtetea mama mwenye shamba.

"Mwalimu, mimi kwetu tunafuga."

"Ndiyo maana nimekupa."

Akasimama, maneno ya kwanza akayakosea, wenzake wakaanza kucheka. Mwalimu akainua kiganja, darasa likatulia, naye akaketi kwenye benchi la wanafunzi akamsubiri kama mtu asiye na kazi nyingine duniani. Nyamizi akamfikiria yule mama, amesimama katikati ya mabua yaliyokanyagwa.

"Mheshimiwa hakimu," akaanza, "mteja wangu alilima kwa jembe la mkono." Akaendelea hadi mwisho, na hakuna aliyecheka.

"Kesho umtetee mfugaji," mwalimu akasema, na Nyamizi akajikuta anatamani kesho ifike upesi.