Honi Ajifunza Kinyoka

Kabla dada yangu hajaolewa naye, watu walishamwita Honi. Shemeji yangu ni mnadi. Hunadi makabati, vitanda, majiko na friji zilizokwishatumika, katika uwanja ulio nyuma ya soko, na akisema "mara ya kwanza" hata mtu aliye ng'ambo ya barabara hugeuza shingo. Kipaza sauti alipewa. Alikitumia kuonyeshea bidhaa.

Nyumbani naye alikuwa yuleyule. Akiomba chumvi mezani, jirani anaanza kutafuta ya kwake. Mimi ni mdogo wa mkewe, nashona nguo, na cherehani yangu iko barazani kwao chini ya dirisha la sebule, kwa hiyo yanayosemwa ndani nayasikia nipende nisipende. Napenda. Kwa miaka yote hiyo nilimsikia dada akirudia neno moja kila siku ya Mungu: "Baba Kitinda, punguza sauti. Hapa nyumbani, si mnadani." Kitinda ndiye binti yao wa mwisho, wa pekee aliyebaki nyumbani, msichana wa sekondari mwenye miguu mirefu na majibu mafupi.

Kisha shemeji akaota uvimbe shingoni. Hospitali wakasema ni tezi, itolewe. Ikatolewa, kidonda kikapona vizuri, lakini sauti haikurudi. Akifungua kinywa ilitoka pumzi tupu. Daktari alieleza kwamba mshipa unaoendesha sauti umechubuka, haukukatika, na kwamba huenda ukaamka, huenda usiamke. Akampeleka kwa mama mmoja mpole ambaye kazi yake ni kufundisha watu kusema upya. Yule mama akampa zoezi: avute "sss" mpaka pumzi iishe, halafu "zzz" mpaka pumzi iishe, mkono ukiwa shingoni, akisikilizia kama kuna kinachotetemeka. Afanye asubuhi na jioni, bila kujilazimisha.

Shemeji hakufanya. Alijaribu mara moja tu, mbele ya mkewe, akajisikia, akanyanyuka akaenda kujifungia chumbani. Alimwandikia dada ujumbe kwenye simu, naye akaja kunionyesha barazani: "Mwanaume mzima nikae nalia kama tairi lenye pancha? Sifanyi."

Basi nyumba ikanyamaza. Mlango ukigongwa, anapiga makofi mtu aende kufungua. Akitaka maji anaonyesha glasi. Wageni walipokuja kumpa pole alijifanya amelala. Uwanjani, kipaza sauti alishika mwenzake tunayemwita Redio, kijana mwenye maneno mengi yasiyouza kitu. Mwenye uwanja alikuja kumjulia hali shemeji, akakaa kwenye ncha ya kochi, akasema kwa upole kabisa kwamba atamngoja, lakini mnada hauwezi kukosa mnadi wa kudumu, na mwezi ukiandama atalazimika kumpa Redio nafasi moja kwa moja. Shemeji alitikisa kichwa kukubali. Nilimwona dirishani. Nilitamani kumchoma yule mtu kwa sindano yangu ya kushonea magodoro, ingawa hakuwa na kosa.

Siku hiyo dada alinifuata barazani, akakaa juu ya mfuko wa vitambaa, akalia. "Miaka yote hii namwambia apunguze sauti," akasema. "Mdogo wangu, nimejilaani mwenyewe. Akirudi kusema, naapa, simwambii tena neno hilo mpaka nakufa."

Nikamwambia aache upuuzi, sauti haiondolewi na mke. Lakini na mimi nililia kidogo, nikaharibu upindo wa sketi ya watu.

Wakati wote huo Kitinda alikuwa na mambo yake. Kulikuwa na tamthilia aliyokuwa akiifuatilia kwenye simu, ya watu-nyoka wanaoishi chini ya milima, na walioitunga hawakuona uvivu: waliwatungia nyoka hao lugha nzima, yenye maneno ya kusalimiana, kuapa na kutukanana. Kitinda na wenzake walikuwa wanajifunza lugha hiyo mtandaoni, wanapigiana simu na kuvutiana "sss" masikioni. Sisi tukaiita Kinyoka. Mimi nilimwambia kama angesoma hesabu kwa bidii hiyo, sasa hivi angekuwa anafundisha chuo kikuu. Akanijibu kwa Kinyoka. Sijui alisema nini, na sikupenda alivyoangalia.

Jioni moja alikuwa sebuleni anahangaika na maneno ya malkia wa nyoka. Malkia huyo, akiingia mbele ya watu wake, hutoa salamu ndefu, na sharti lake isemwe yote kwa pumzi moja, la sivyo nyoka hawatii. Kitinda akaanza, akafika katikati, pumzi ikamwishia. Akaanza tena, ikamwishia palepale. Baba yake alikuwa kwenye kochi, uso ukutani. Nilisimamisha cherehani niweke uzi, na ndipo nikasikia vidole vikipigwa, ta, ta. Ilikuwa ishara yake ya kusema "lete hapa."

"Unataka nini, baba? Maji?"

Akatikisa kichwa, akaonyesha simu. Kitinda akarudisha nyuma pale malkia anaposema. Shemeji akasikiliza, akasikiliza tena. Halafu akakaa wima kama anavyokaa kabla ya kunadi kitu kizito, akajaza kifua, akaitoa salamu yote ya malkia kwa pumzi moja, tangu "Ssissa" ya mwanzo hadi "hassith" ya mwisho, na pumzi ikabaki.

Kumbuka huyu ni mtu aliyezoea kutaja urefu, upana, rangi, mbao na umri wa kabati bila kumeza mate. Sauti ndiyo iliyokuwa imemtoka, mapafu hayakuwa yameenda popote.

"Baba!" Kitinda akapiga kelele. "Unajua wewe ni mkali kuliko malkia mwenyewe? Hebu tena! Hebu nikurekodi!"

Shemeji akarudia. Hakuna aliyemwonea huruma pale. Binti alikuwa amekasirika kwa wivu, na nadhani hicho ndicho kilichomponya nusu. Tangu aanze kuumwa, kila mtu alikuwa akimtazama kama sahani iliyopasuka.

Kuanzia hapo jioni zao zikawa hizo. Binti alimfundisha namna ya kuweka ulimi, baba akamfundisha namna ya kujaza tumbo hewa bila kuinua mabega. Kinyoka kina maneno mengi ya "sss", na kina mengine ya "zzz", na hayo ya pili yalimshinda. Alipotaka "zzz" ilitoka "sss" ileile. Kitinda hakujali. "Hapo baba umesema 'jiwe,' nami nilitaka 'mama.' Rudia." Anarudia. Dada yangu, ambaye si mjinga, akaenda peke yake kwa yule mama wa hospitali kumuuliza kama ni hatari. Yule mama akacheka sana, akasema, "Mwache. Mwambie binti asiache kumkosoa. Ila asijilazimishe akichoka."

Akachoka siku nyingine. Siku nyingine alikataa kabisa, na Redio alikuwa akipita barabarani na kipaza sauti akitangaza mnada wa kesho, na shemeji alifunga dirisha. Mwezi ulikuwa unakwenda. Sote tulijua hivyo.

Asubuhi moja nilikuwa nashona mapazia ya mteja msumbufu nikasikia mngurumo. Nikadhani ni mkanda wa cherehani umelegea. Nikatoa mguu kwenye pedali, gurudumu likasimama, mngurumo ukaendelea. Nikadhani ni nyuki. Nikatazama juu, nikatazama chini ya meza. Ulikuwa unatoka dirishani.

Niliingia ndani na mita yangu ya kupimia shingoni. Shemeji alikuwa amesimama katikati ya sebule, macho yamemtoka, mkono wa Kitinda ameubana shingoni mwake. Binti alikuwa amevaa sare ya shule, begi mgongoni, na machozi yanamtiririka.

"Inatetemeka," akasema. "Mamdogo, njoo ushike. Inatetemeka!"

Nikashika. Ilikuwa inatetemeka kweli. "Zzz," akasema shemeji, na ikawa "zzz" halisi, ndogo, yenye mikwaruzo, na nzuri kuliko kitu chochote nilichowahi kusikia. Dada akatokea jikoni na mwiko mkononi. Alisikia, akakaa chini sakafuni palepale na mwiko wake, akasema, "Ahsante Mungu, ahsante Mungu," bila kuacha. Kitinda alichelewa shule na hakuna aliyemgombeza.

Baada ya "zzz" yakaja mengine. Hospitali walimwambia ukweli: sauti itarudi, lakini ile ya Honi wa zamani asiitegemee, na kupiga kelele ni mwiko. Akauliza, kwa sauti iliyokuwa kama mlango mkavu, kama anaweza kunadi. Yule mama akasema, "Kama wanunuzi watanyamaza, unaweza."

Wanunuzi wa mnada kunyamaza! Wewe umewahi kuona?

Mwezi ulipokaribia kuisha akaenda. Tulikwenda sote, nami nikafunga kazi. Uwanja ulijaa, watu wanagonga mbao, wanafungua friji na kuzifunga. Mwenye uwanja alisimama kando, mikono mfukoni. Redio akamkabidhi kipaza sauti, na nampa haki yake, alimkabidhi kwa heshima. Shemeji akasema, "Ndugu zangu, tunaanza na kabati hili." Hakuna aliyegeuka. Akarudia. Mtu mmoja nyuma akasema kwa nguvu, "Ongeza sauti, mzee! Umekula pamba?" Wengine wakacheka. Dada akanishika mkono mpaka ukauma.

Shemeji akashusha kipaza sauti. Kisha akajaza kifua, akasogeza kipaza sauti mdomoni, akatoa salamu yote ya malkia wa nyoka kwa pumzi moja.

Ilipita juu ya uwanja mzima ikifoka na kunguruma. Watu waliruka. Mwanamke mmoja alitazama chini ya kitanda alichokuwa anataka kununua. Halafu pakawa kimya kabisa, na katika kimya hicho shemeji akaanza kunadi kwa sauti ya chini, polepole, na watu wakasogea karibu ili wasikie. Waliosogea wakaliona kabati vizuri. Wakalitaka.

Kitinda alikuwa amejikunja kwa kicheko. "Mamdogo," akaninong'oneza, "unajua amewaambia nini? 'Tulieni, wanangu wa damu baridi, mama yenu amefika, na tumbo langu limejaa mayai.'" Kumbe hakuwahi kumfundisha salamu nyingine, walichagua ya malkia kwa sababu ya urefu wake.

Kabati likauzwa, likafuata jiko, na mchana ulipofika mwenye uwanja akamwambia, "Kesho uje na huyo nyoka wako." Basi, ikaisha hivyo.

Tulikula nyumbani kwao usiku huo. Shemeji alisimulia mnada wote tangu mwanzo, akasimulia mwanamke wa kitanda, akasimulia tena, akipiga meza, mpaka sauti ikaanza kupanda na kukwaruza.

"Baba Kitinda," akasema dada huku akimpakulia mboga, "punguza sauti. Hapa nyumbani, si mnadani."

Kijiko kikasimama hewani. Akajiziba mdomo, akanitazama mimi, shahidi wa kiapo chake. Nami nikainamia sahani, nikaomba chumvi.