Viazi vya Kitunguu Saumu na Treni ya Kabalo

Iko siku moja haijanitoka moyoni, mwanangu, na kila nikiikumbuka hasira inawaka upya kama makala, makaa ya jikoni, yanayopulizwa. Weka simu chini kwanza. Nasema na wewe, Nadine, mjukuu wangu, na yeyote wa nyumba hii mwenye tabia kama ile uliyoionyesha Jumapili.

Nilikuwa nimeolewa miezi minne tu. Tulikaa katika parsele, kiwanja hiki cha mama mkwe wangu, Mama Kabamba Astrida, hapa hapa Kampemba, Lubumbashi: yeye, mume wangu, mimi, na wifi yangu Feliste. Feliste alikuwa dada mkubwa wa mume wangu, kwa hiyo nilimwita Yaya. Mrefu, mpole, mikono yake haikujua kukaa bure. Rafiki zake wote walikuwa wameolewa, yeye bado. Kisha habari ikaja kutoka Kabalo, kule kaskazini: kuna mwanaume, Numbi Leonardi, mfanyakazi wa reli kama marehemu baba yao, anamtaka Feliste. Shangazi wa huyo mwanaume atapanda treni na ndugu zake wawili, waje kumwona binti.

Unajua vile inafanyika kwetu sisi watu wa kaskazini. Wageni wa namna hiyo hawatazami sura tu. Binti anapika kwa mkono wake, na mama mkubwa wa wageni anaonja chakula kimoja kimoja na kuuliza, hiki nani alipika? Binti mwenyewe hajibu. Anapiga magoti pembeni, macho chini, na watu wa nyumba ndio wanajibu kwa ajili yake. Shika neno hilo: hajibu. Hata ukimsingizia mbele ya uso wake, hawezi kufungua kinywa mbele ya watu anaotaka kuwa mke wao.

Feliste alipika bukari, ule ugali wetu, samaki na sombe ya majani ya muhogo. Ilitosha kabisa. Lakini mimi nilikuwa na kiburi. Nilikuwa nimejifunza kwa masista kuoka viazi kwa kitunguu saumu, kile sisi tunaita ayi, na nilitaka wageni wajue kwamba nyumba hii imeoa mtu. Nikamwomba mama mkwe niongeze kitu kidogo cha kando.

"Ongeza," akasema. "Lakini usimalize makala yangu."

Sikiliza kosa langu la kwanza, maana na wewe umeunguza. Nilikimenya kitunguu saumu, nikakitwanga, nikakipaka kwenye viazi vibichi tangu mwanzo. Kwa masista kulikuwa na furu, yaani tanuri la umeme, moto wake wa taratibu. Nyumbani tulikuwa na mbabula, jiko la makala: sufuria juu ya makala, bati kama kifuniko, na makala mengine juu ya bati ili joto lishuke pia. Moto huo si wa mchezo. Saumu iliyotwangwa iliungua kabla kiazi hakijaiva. Nje vyeusi, ndani vigumu, na uchungu wa dawa ya minyoo. Nilivionja? Sikuvionja. Nilivipanga kwenye sahani nzuri yenye maua, nikavipeleka.

Yule shangazi aliitwa Mama Monga Marta, mwanamke mnene, mwenye kitambaa cha kijani kichwani, mcheshi. Akaonja samaki wa Feliste, akapiga paja.

"Weee! Hii samaki, nikirudia Kabalo bila kuisema, bataniita mulozi!"

Watu wote wakacheka. Akaonja sombe, akafumba macho. Niliiona ndoa ya Feliste pale pale, mwanangu. Ilikuwa imekwisha kuingia mlangoni na kuvua viatu. Kisha Mama Marta akatia kiazi kinywani. Akakitoa kwa vidole viwili, akakiweka ukingoni mwa sahani.

"Na hii biazi, ni nani alipika?"

Mama mkwe alikuwa ametoka kuchukua vinywaji, na aliyesimama karibu na sahani ni mimi. Wa kujibu ni mimi. Nikasikia kinywa changu kikisema:

"Ni Feliste, mama."

Usiniulize sababu. Niliona haya. Haya ya dakika moja, basi!

Feliste alikuwa amepiga magoti karibu na ukuta. Akainua macho mara moja tu, akaniangalia, akayashusha.

"Kuunguza haiko kitu," Mama Marta akasema polepole. "Hata miye naunguza. Lakini aliona imeungua, na alitupatia tu."

Kicheko chake kikaisha hapo. Walimaliza vinywaji kwa adabu, wakashukuru, wakasema treni yao ni ya kesho asubuhi na kwamba watatuma habari. Wewe unajua maana ya mgeni anayesema atatuma habari.

Walipotoka, mama mkwe aliambiwa nililosema, akaniita.

"Kuya huku. Leta mukono."

Akaunusa mkono wangu. Akamwita Feliste, akaunusa wa kwake.

"Ya Feliste iko nanuka samaki. Ya kwako iko nanuka ayi mupaka ku kiwiko. Sasa ambia miye, ile biazi ilipikwa na mukono gani?"

Nikaanza kulia.

"Nyamaza! Machozi yako haina kazi hapa. Mwenzako alibeba uongo yako juu ya magoti. Kesho mapema, mbele treni iondoke, utaenda ku gare. Utaambia Mama Marta: ni miye njo nilipika, ni miye njo nilidanganya. Basi. Hapana kuongeza kitu."

Asubuhi niliamka kabla ya jogoo. Na hapa ndipo kosa la pili, lile linalonifanya nijichukie mpaka leo. Nilijiambia: niende kwa mtu mzima mikono mitupu? Hapana. Nitampelekea viazi vilivyoiva vizuri, aonje kwanza, moyo ulainike, ndipo niseme. Na treni? Nani hapa Lubumbashi asiyeijua treni ya Kabalo? Wakisema asubuhi, ni jioni. Wakisema leo, ni kesho, au kesho kutwa. Watu walikuwa wanapika, wanafua na kunyonyesha pale gare, kituoni, wakiingoja. Nikasema, muda ninao.

Basi nikavipika. Na nitakuambia namna yake, maana vilikuwa vizuri, na hilo ndilo linaniudhi zaidi. Nilimenya viazi, nikavikata vipande vya kinywa kimoja, nikavichemsha kidogo katika maji ya chumvi, vikalainika pembeni tu. Nikamwaga maji, nikaviacha vitoe mvuke mpaka vikauke, nikaitikisa sufuria ili pembe zake zikwaruzike. Mafuta yakapata moto kwanza, ndipo viazi vikaingia. Makala chini, makala machache juu ya bati. Sikufunua ovyo. Vilipoanza kuwa vya dhahabu, ndipo nikatia punje za saumu nzima, na maganda yake. Ganda linailinda. Ndani inakuwa laini kama siagi, unaiminya juu ya kiazi. Chumvi, basi. Hakuna ujanja mwingine. Ni chakula cha kusubiri.

Nami nilisubiri! Jua likapanda nikiwa nageuza kipande kimoja kimoja ili vyote viwe na rangi moja. Feliste alipita uani mara mbili na ndoo yake ya maji. Nikafunga sufuria katika kitambaa, nikaibeba kichwani, nikaenda mbio.

Gare ilikuwa tupu. Mama mmoja tu, muuza ndizi, alikuwa anakusanya maganda.

"Mama, treni ya Kabalo?"

"Ilienda kale!" Akacheka mpaka akashika kiuno. "Leo hata siye tulishangala. Iliondoka ku saa yake!"

Nilisimama pale na sufuria ya moto kichwani. Viazi vilikuwa vinanukia uzuri hata nikatamani kuvimwaga relini.

Niliporudi, mama mkwe alikuwa mlangoni. Akaitazama sufuria, akanitazama mimi.

"Nilikutuma na kinywa," akasema. "Ni nani alikutuma na sufuria?"

Nikaishusha sufuria chini. Feliste akaja, akafungua kitambaa, akachukua kiazi kimoja, akakila taratibu.

"Leo biko muzuri," akasema. "Biko muzuri sana." Akaingia ndani.

Tulituma neno kwa msafiri mmoja, Ilunga Petro. Lilipofika kule, Leonardi alikuwa amekwisha kupewa binti mwingine. Hakuna mwingine aliyekuja kumwomba Feliste. Alizeeka katika parsele hii. Alimlea baba yako mgongoni mwake. Ni yule mliyemwita Kambo Feliste, bibi yenu, aliyewasuka nywele ninyi wote, na hata siku moja hakunitajia jambo lile. Angenitukana ningepona. Tulimzika, na sikuwahi kupika kitunguu saumu bila kumwona amepiga magoti.

Sasa wewe. Jumapili viazi vyako viliungua mbele ya wageni wa baba yako, kwa sababu ulikuwa unajipiga picha. Ukasema nini? "Ni Bénédicte alisahau moto." Bénédicte, mke wa kaka yako, aliyekuwa ananyonyesha mtoto chumbani, hata karibu na mbabula hakufika! Akasikia, akanyamaza, maana yeye ni mke katika nyumba ya watu. Jumatatu akabeba mtoto, akarudi kwa wazazi wake Naviundu. Na kaka yako anazunguka uani kama mtu aliyepoteza ufunguo.

Nami nakusikia kwenye simu: utaenda Jumamosi, umeagiza keki, hiyo gato yenu, utanunua na kitenge kizuri ili isionekane vibaya. Jumamosi! Gato! Leo ni Jumatano, Nadine! Unapamba nini? Kila siku unayopamba, yule mwenzako anabeba uongo wako mbele ya mama yake na baba yake.

Mwanangu, ukiunguza, sema ni mimi wageni wakiwa bado wameketi. Ukishindwa hapo, sema jioni ile ile. Ukishindwa na hapo, nenda kesho yake bila kuoga. Usipeleke zawadi mbele ya neno. Zawadi inayotangulia inamfunga mwenzako kinywa, inabidi akushukuru kabla hajakukasirikia. Mwache akukasirikie, ni haki yake. Na usihesabu kwamba atakungoja kwa sababu siku zote anangoja.

Mungu aliyeniachia miaka yote hii na aibu yangu akupe wewe kinywa kinachofika mapema. Akupe wifi anayekufungulia mlango. Mtoto wa Bénédicte akujue kwa jina lako, asikujue kwa kosa lako.

Naviundu si mbali. Acha hiyo gato, acha kitenge, hata mkoba acha. Viazi nitapika mimi, makala nimekwisha kuwasha. Saumu nitaitia mwisho, mtakapoingia mlangoni wawili. Nenda.