Saini ya Kolkata

Hasidi hana sababu, lakini Banambar aliamini anayo. Miaka ishirini na miwili alikuwa karani wa wakili Sarbeswar Rath huko Cuttack, akishona majalada kwa uzi mwekundu na kusoma kila karatasi kabla haijakwenda masjala. Kisha akaja karani kijana, Gourahari, na kompyuta yake, na kabla mwaka haujaisha wakili akawa anampa kijana huyo maombi ya mahakamani ayaandike. Banambar alimwonea kijicho, wala hakujidanganya kwamba ni kitu kingine. Hata tambuu ya asubuhi ilimkera, kwa kuwa sasa wakili aliletewa na Goura.

Likaja jalada la Kuntala, mjane mzee wa mfanyakazi wa reli. Baraza linaloamua kesi za watumishi wa serikali lilikuwa limeamuru ahame nyumba ya reli kabla ya mwisho wa mwezi, na hakuwa na pengine pa kwenda. Makao ya baraza hilo ni Kolkata, ila mara mojamoja wajumbe huja Cuttack kwa treni, wakasikiliza kesi katika ukumbi wa kuazima, wakarudi kwao. Kesi ya Kuntala ilisikilizwa ukumbini humo. Goura akaona kwamba kesi ya Cuttack huishia Cuttack, akaandika ombi kwa Mahakama Kuu ya hapohapo.

Banambar alipofika ukurasa wa mwisho wa hukumu aliona saini na mhuri: Kolkata. Alijua vizuri kwamba mahakama haina amri juu ya baraza lililo nje ya mipaka yake. Aliweka kidole juu ya mhuri. Mwache aumbuke, akawaza, tuone hiyo kompyuta itamtetea vipi mbele ya jaji. Akalishona jalada, akalipeleka.

Siku kumi baadaye jaji alilitupa ombi kwa dakika nne. Alisema mkono wake unaishia mpakani mwa jimbo lao la Odisha, waende Kolkata. Na mahakama ya Kolkata ilikuwa imefungwa tangu jana yake kwa sikukuu ya Durga, hadi mwezi mwingine.

Goura alilia ngazini bila kujificha. Banambar akangoja kwa hamu asikie akifokewa, lakini wakili alimgeukia yeye.

"Bana, hukulisoma jalada?"

"Nililisoma, mzee."

"Na mhuri uliuona?"

Banambar akaanza kukusanya karatasi za jalada.

"Huyu mtoto namwachia aandike kwa sababu najua wewe unasoma nyuma yake," wakili akasema taratibu. "Bila wewe nisingethubutu."

Maneno aliyoyatamani mwaka mzima yalimshuka kooni kama mwiba wa samaki.

Kuntala hakuelewa habari za mipaka. Alimsogelea Banambar, kwa kuwa ndiye karani mwenye mvi.

"Mwanangu, wewe ndiye unayesoma. Basi niambie, nifungashe vyombo au nisubiri?"

"Fungasha, mama," akasema Banambar.