Doa Linalokua Polepole kwenye Pafu la Kaka Yangu

Nilikata pafu la kaka yangu kwa mikono yangu mwenyewe, nikalipaka rangi, nikalisifia uzuri.

Sikujua ni lake.

Subirini, msinihukumu haraka. Nieleze kazi yangu kwanza.

Mimi ni mtu wa maabara. Si ile ya damu na mkojo mliyoizoea. Mimi niko chumba cha nyuma, kule vinakoletwa vipande vya nyama vilivyonyofolewa kwa wagonjwa. Nazamisha kipande kwenye nta, nta ikiganda nakikata kwa mashine, chembamba kuliko ngozi ya kitunguu. Nakilaza kwenye kioo, nakipaka rangi ya waridi na zambarau.

Kioo kinakwenda kwa daktari wetu wa hadubini. Tunamwita Mama Kioo. Yeye ndiye anayesema hii ni kansa au si kansa, na kama ni kansa, ni ya ukoo gani.

Vipande vinakuja na namba. Majina yako kwenye fomu, na fomu mimi siziangalii. Miaka kumi na minne niko hivyo. Ukianza kusoma majina, kazi hii huiwezi.

Basi Jumatatu hiyo kikaja kipande cha pafu, kidogo kama punje ya mchele. Nikakikata, nikakipaka, nikachungulia kwenye hadubini kuona kama rangi imeshika.

Jamani, kilikuwa kizuri.

Kwa kawaida kansa ni fujo tupu. Seli zimepandana, zimesukumana, hakuna anayejali mwenzake. Hii ilikuwa na adabu. Vifuko vya hewa vimesimama vilevile, na juu ya kuta zake seli zimejipanga mstari mmoja, kama ndege kwenye waya wa umeme.

"Mama Kioo, njoo uone kitu kizuri!"

Akaja na kikombe chake cha chai, akainama.

"Kizuri kweli. Na ni kansa. Ila hii ni ya mwendo wa pole, inatambaa juu ya ukuta, haijauvunja. Hebu nisomee fomu. Ana miaka mingapi? Anavuta sigara?"

Nikachukua fomu.

Mwanamume. Miaka arobaini na saba. Havuti sigara. Kikohozi cha muda mrefu.

Kisha macho yakapanda kwenye jina.

La kwanza nililijua. La pili na la tatu ni yangu mimi pia.

Mama Kioo aliniwahi kabla sijafika sakafuni. Chai yake yote ikaishia kwenye koti langu.

Kaka yangu mtaani wanamwita Refa. Anafundisha michezo shuleni, na mwisho wa wiki anachezesha mechi. Mtu ambaye dakika ya themanini anakimbia kuliko wachezaji. Halafu miaka miwili kabla ya Jumatatu hiyo akaanza kukohoa. Wakamtibu nimonia mara tatu. Ikaja zamu ya dawa za kifua kikuu, miezi sita mizima, japo makohozi hayakuonyesha kitu. Kikohozi kimekaa palepale, kama mgeni asiyejua kuaga.

Na wiki iliyotangulia alikuwa ametuaga kwamba anakwenda semina ya marefa.

Semina! Kumbe alikwenda kunyofolewa pafu.

"Niambie ukweli," nikamwambia Mama Kioo.

"Ukweli gani kwenye punje ya mchele? Sikiliza. Kama doa ni moja, dogo, na seli zote zinatambaa tu hivi, likikatwa lote mtu anapona. Anazeeka na wajukuu. Lakini kama kuna mahali zimevunja ukuta na kuzama ndani, hata upana wa milimita tano tu, jina linabadilika na matibabu yanabadilika. Hayo siwezi kuyajua kwa kuonja kijiko kimoja. Nataka picha ya kifua. Nataka na rangi nyingine."

Alisema mengi. Mimi nilisikia neno moja: anapona.

Mchana nikaenda kwa kaka. Nikamkuta kibarazani anasugua viatu vya mpira, wifi yangu anaanika mashuka.

"Semina ilikuwaje?" nikauliza.

Akanitazama usoni, akaweka brashi chini.

"Umeniona."

"Nimekukata mimi mwenyewe, kaka."

Wifi akageuka. "Amekukata nini?"

Ikabidi tuseme. Wifi hakulia. Alishika shuka lililolowa akaling'ang'ania kifuani mpaka gauni lote likalowa.

Kaka akaniuliza swali moja tu. "Inakimbia au inatembea?"

"Inatembea. Polepole sana."

Akashusha pumzi. "Basi afadhali."

Nikasema moyoni, huyu ndiye mwanamume. Nikawaeleza habari ya doa moja, kukatwa, kupona. Nilieleza vizuri hadi wifi akaanza kutabasamu. Nilijiona kama nimeshamponya mimi.

Jumatano akaingizwa kwenye siti skani.

Daktari wa kifua akatugeuzia kioo cha kompyuta. Pafu la kulia, chini kote kweupe kama limejazwa pamba. La kushoto, madoa. Nilianza kuyahesabu, nilipofika kumi na moja nikaacha.

Nikarudi maabara mbio. Mama Kioo alikuwa ameshapaka zile rangi nyingine, na hakuniita nije kuona.

"Seli zimejaa ute," akasema. "Ni ile aina ya ute. Inatembea polepole, ndiyo, na mara nyingi haitoki nje ya kifua. Lakini ule ute unabebwa na hewa, na seli zimo humo. Kila anapovuta pumzi, anazipanda mahali pengine. Ndiyo maana ilifanana na nimonia."

"Zimevunja ukuta?"

"Sina haja ya kupima ukuta tena. Ziko mapafu yote mawili."

Sasa hapa nilifanya jambo la aibu. Nilipiga magoti.

"Andika ile ya kwanza. Andika tu inatambaa. Si uongo, kwenye kioo kile inatambaa! Wakisoma hivyo watamfanyia upasuaji."

"Watamfungua kifua bure, wakute imejaa kila kona, wamfunge. Afie mezani. Unataka hivyo?"

"Nataka akatwe."

"Hakuna cha kukata, mwanangu. Wakikata kilichooza, atabaki anapumulia nini?"

Akaandika. Niliiona kalamu ikitembea. Kisha akavua miwani, akaifuta na pindo la koti, akaifuta tena, mpaka nikaelewa kwamba analia.

Tukapeleka kipande kingine kupimwa kama anafaa kwa vile vidonge vinavyolenga kansa yenyewe. Jibu likarudi baada ya wiki tatu: hafai. Ikabaki dripu ya dawa za kansa, ambayo ilimnyoa nywele na kumwacha na kikohozi chake.

Sasa ndugu zangu, hapa ndipo hadithi yenyewe ilipo.

Daktari wa kifua alitaka picha zozote za zamani, aone ugonjwa ulianza lini. Kaka yuko wodini, wifi yuko naye. Nikaenda mimi nyumbani kwao kupekua.

Kabatini, chini ya jezi zake za urefa, nikakuta bahasha ya kaki. Hospitali nyingine, mbali. Tarehe ya miaka mitano nyuma. Miaka mitatu kabla ya kikohozi!

Ndani kulikuwa na barua ya nusu ukurasa. Naikumbuka neno kwa neno: "Doa moja, pafu la kulia, sentimita moja na nusu, hafifu kama mvuke kwenye kioo. Linaelekea kuwa aina inayokua polepole. Tunashauri likatwe mapema, likiwa bado dogo."

Doa moja. Dogo. Ndilo lile la kukatwa na kupona.

Nilikaa juu ya kitanda chao nikasoma mara sita. Halafu hasira ikanipanda, hasira ambayo sijawahi kumwonea mtu.

Nikaenda wodini. Wifi alikuwa ametoka kwenda kuoga. Nikamtupia bahasha kifuani.

"Ulijua! Miaka mitano ulijua, ukakaa kimya! Una akili wewe?"

Akaitazama bahasha. Hakushtuka.

"Sikukaa kimya," akasema, anatafuta pumzi. "Nilikuuliza."

"Uliniuliza nini? Lini?"

"Harusi ya binamu yetu. Tunapanga viti, mimi na wewe. Nikakwambia kuna refa mwenzangu amepigwa picha ya mgongo, wakaona doa kwenye pafu, wanasema linakua polepole. Nikakuuliza, afanyeje?"

Nikavuta kiti nikakaa.

"Nikasemaje?"

"Ulicheka. Ukasema, 'Hilo atakufa nalo akiwa kibabu. Mwambie aendelee na maisha yake.'"

Akakohoa kwa muda mrefu. Nikamshikia beseni. Alipomaliza akanipigapiga mkononi, yeye mgonjwa ananibembeleza mimi.

"Usinune. Niliogopa kisu kuliko kifo. Uliponiambia vile, nilifurahi. Nimechezesha fainali tatu."

Jamani, nilijaribu kukumbuka. Viti navikumbuka, vilikuwa vya plastiki, vyeupe. Harusi naikumbuka. Maneno yale siyakumbuki kabisa. Hata leo. Niliyatamka kama mtu anavyosema habari za asubuhi.

Akaniomba nisimwambie wifi. "Atakuchukia, na mtabaki wawili tu." Nikaapa.

Alichukua miezi kumi na mmoja. Kansa ya mwendo wa pole inaua kwa mwendo huohuo. Ute ulikuwa unapanda kama maji kwenye mtumbwi unaovuja. Mwisho alikuwa analala amekaa, ameegemea mto mezani, anahesabu pumzi. Wifi alimshika kisogo mpaka pumzi ya mwisho, saa nne asubuhi, redio ya wodini inatangaza bei za mazao.

Somo langu ni fupi. Daktari akikwambia kitu kinakua polepole, anakwambia una nafasi ya kukiwahi. Hajakwambia kitakusubiri. Polepole ni mwendo, si huruma.

Na nyie wenzangu wa makoti meupe: mtu akikuuliza ugonjwa wa rafiki yake, acha unachofanya. Mwangalie usoni.

Ningeweza kuishia hapo. Lakini sikuandika haya kwa ajili yenu.

Wifi yangu, najua unausoma ukurasa huu wa simulizi, uliniambia mwenyewe unakusaidia kupitisha jioni. Mwaka wa pili sasa nakusikia ukiwaambia watu kwamba wewe ndiye uliyemuua, kwamba ulimnywesha dawa za kikohozi badala ya kumburuta hospitali. Nakusikia, nanyamaza, nakumiminia chai.

Si wewe, wifi.

Bahasha ninayo mimi. Kesho nakuletea. Ukitaka usinifungulie mlango, nitaisukuma chini yake.