Viatu vya Sukhrani Viko Mahakamani

Saa kumi na mbili asubuhi, Sukhrani Ahirwar anakanda kinyesi cha nyati na makapi kwa mikono miwili, kisha anakibandika ukutani kikauke kiwe kuni. Yuko peku. Baridi ya Januari hapa Bundelkhand, katikati ya India, haina huruma, na visigino vyake vimepasuka hadi vinatoa damu.

"Mwanangu ameninunulia viatu mara mbili, nikavikataa," anasema bila kuacha kazi. "Vyangu viko mahakamani."

Mwandishi wa habari hii amezaliwa wilaya hii na alidhani hakuna tena cha kumshtua. Alikosea.

Kwa miaka kumi na tisa Sukhrani (48) alisafisha zizi la familia ya Parihar, watu wa tabaka la juu. Ujira ulikuwa rupia mia sita kwa mwezi, pamoja na mikate miwili kila siku, iliyodondoshwa kiganjani mwake kutoka juu ili mikono isigusane. Kila alipopita mbele ya mlango wao alivua viatu akavibeba, kama mama yake na bibi yake walivyofanya.

Oktoba alikuwa na kidonda kwenye unyayo, akapita na viatu. Jitendra, kifungua mimba wa nyumba ile, alikuwa barazani. Alimfuata barabarani, akamvua viatu, akampiga navyo usoni huku akimtukana kwa tabaka lake, la wachuna ngozi. Kibanda cha chai kilikuwa kimejaa watu.

"Akaniambia, 'We mchuna ngozi, leo umeota mbawa?' Mtoto huyo nimemwona akitambaa uani," anasema Sukhrani.

Polisi walipofungua kesi, Jitendra aliingia mitini. Wakili wake akaomba dhamana kabla ya kukamatwa. Sheria inayowalinda watu wa tabaka la Sukhrani huikataa dhamana hiyo pale tusi linapotolewa mbele ya watu. Likiwa limetolewa ndani ya nyumba, hakuna aliyeshuhudia, mtuhumiwa ana nafasi.

Halke, mume wa Sukhrani, hakupata usingizi.

"Mama Rekha, yule akirudi kijijini na dhamana yake, mashahidi wetu wote watakuwa mabubu," alimwambia mkewe. "Muuza chai ameshaanza kusema eti siku ile alikuwa anapuliza moto, hakuona kitu."

Siku ya kusikilizwa ombi, wakili alisimama na kusema kwa sauti tulivu kwamba hapakuwa na tusi la hadharani. Ulikuwa ugomvi mdogo wa jikoni, alisema, ndani ya nyumba ya Parihar, baada ya mfanyakazi kuvunja chungu cha maziwa.

Sukhrani alitazama sakafu. Nani angemsadiki yeye?

Ndipo Bi. Kesar, mama mzazi wa Jitendra, akainuka kwenye benchi la nyuma, shela ikimtetemeka kichwani.

"Wakili, unatuvunjia heshima," alisema. "Huyu aingie jikoni kwangu? Kizingiti changu hajakikanyaga hata siku moja. Angekikanyaga ningeosha nyumba nzima."

Wakili alimpungia mkono akae. Hakukaa.

"Basi, mama, ugomvi ulikuwa wapi?" jaji aliuliza.

"Barabarani. Si watu wote walikuwepo?"

Bi. Kesar aliketi akijipangia shela, kifua mbele, akiamini ameiokoa nyumba yake. Wahenga walisema mdomo uliponza kichwa. Hapa mdomo wa mama umeponza kichwa cha mwana. Mwandishi huyu amehudhuria kesi nyingi, na sura ile ya fahari hajaisahau.

Jaji alisema maelezo yaliyo mbele yake yanatosha, akalikataa ombi. Jitendra alikamatwa wiki hiyo kwa mjomba wake. Kesi yenyewe bado inaendelea, na muuza chai amekumbuka alichokiona.

Sukhrani naye alifukuzwa zizini, na hakuna nyumba ya tabaka la juu iliyomchukua. Sasa anaishi kwa kuuza kuni hizi za kinyesi.

Viatu vyake, vya plastiki ya buluu, kimoja kimekatika mkanda, ni kielelezo cha ushahidi.

"Kesi ikiisha watanirudishia," anasema. "Nitashona mkanda, nitavivaa palepale kwenye ngazi za mahakama, nirudi navyo mpaka kwangu."

Anaulizwa kama hakuna njia nyingine ya kufika kwake bila kupita mlangoni kwa Parihar.

"Ipo, ya bondeni," anasema, akichota kinyesi kingine. "Hiyo wapite mbuzi."