Neno "Muzima" Mbele ya Jaji

Miaka ile ya vita, sisi wa mtaa wa Jabe hatukuulizana habari za asubuhi. Tuliulizana, "Uko muzima?" Na jibu lilikuwa moja tu: "Niko muzima, alhamdulillah." Aliyechomewa nyumba alijibu hivyo, aliyezika jana alijibu hivyo. Maana yake ni kwamba risasi za usiku zimekupita. Asiyelijua hilo hakuishi Bujumbura wakati ule.

Nami nilijibu hivyo hivyo nikiwa nimelazwa hospitali, goti limefungwa. Lori lililotoka Kanyosha, likikimbilia kuingia mjini kabla barabara haijafungwa, lilinigonga pembeni mwa soko. Mdogo wangu, tuliyenyonya ziwa moja, aliniletea uji kila Ijumaa baada ya swala. "Dada, uko muzima?" "Niko muzima, mudogo wangu, alhamdulillah." Kisha nililia, naye akanifuta machozi kwa kanzu yake.

Kesi ilipofika, wenye lori hawakukana ajali. Kilichobaki ni kupima: goti la fundi wa nguo lina thamani gani? Nilitaka korti iandike kilema cha kudumu, nipate cha kula bila kuomba. Avoka wao, wakili aliyewatetea, akasema fundi hushona kwa mikono, na mikono yangu haina hata mkwaruzo. Nilikaribia kucheka. Cherehani yangu ilikuwa ya kukanyaga. Mguu ukilala, sindano nayo inalala. Nikamwonyesha jaji kwa fimbo yangu jinsi mguu unavyopanda na kushuka, na jaji, mtu mpole, akaitikia kwa kichwa. Daktari naye alikuwa ameandika kwamba goti halitakunjika tena kama zamani.

Ndipo avoka akamwita shahidi wake, akaingia mdogo wangu.

Nilidhani wamekosea mtu. Aliapa bila kunitazama.

"Ulipokwenda kumuona dada yako, alikuambia hali yake ni namna gani?"

"Alisema, niko muzima."

"Kila mara?"

"Kila mara, Muheshimiwa."

Mkalimani akaligeuza kwa Kifaransa: amepona. Nikapiga kelele kwamba muzima si kupona, muzima ni kutokufa! Jaji akaniambia nisubiri zamu yangu. Zamu ilipofika, niliulizwa kama kweli nilisema neno hilo. Ningekanaje, na nilikuwa nimeapa kwa Mungu? "Nilisema," nikajibu, na kalamu ya karani ikakimbia.

Korti ikaamua kwamba niliumia kwa muda, nikapona. Kidogo nilichopewa kiliishia kwenye deni la hospitali. Mkalimani simlaumu, pengine hakuwa na pa kulipata neno jingine. Avoka alifanya kazi yake. Lakini mdogo wangu alilijua neno lile kama anavyolijua jina langu. Suruali zake zote za shule nilizishona mimi, kwa mguu huu huu. Alinisaliti, na sina neno laini la kuweka mahali pa hilo. Kikulacho ki nguoni mwako, wanasema, na mimi fundi wa nguo sikumwona mdudu.

Cherehani ikabaki kibarazani. Nikaitandika gazeti, nikawa nauzia juu yake ndagala, dagaa wakavu wa kutoka ziwani Kajaga.

Siku moja asubuhi lori lile lile likasimama mbele ya ndagala wangu. Nililijua kwa ngurumo yake kabla sijainua macho. Nilikuwa naisikia hata usingizini. Kwenye usukani alikaa mdogo wangu. Basi nikajua alilipwa nini.

Akashuka, akainama kama alivyokuwa akiinama pale hospitali.

"Dada, uko muzima?"

Wanawake waliouza kwenye meza za jirani walikuwa wakisikiliza, nao walilijua jibu, maana ni lile lile ambalo kila mtu hujibu.

"Apana," nikamwambia.