Shira ya Shemeji Pua

Mume wa dada yangu ni kinyozi, na mtaa mzima unamwita Pua. Si kwa sababu pua yake ni kubwa, ingawa ndogo siyo. Ni kwa majigambo yake ya kunusa. Akipita chini ya dirisha la watu husema kwa sauti, "Jamani, kitunguu hicho!" na kweli ukichungulia unakuta kitunguu kimeanza kuungua. Mimi ni fundi cherehani. Nakaa kwao, na cherehani yangu iko kwenye kona ya chumba chake cha kunyolea, kwa hiyo huyu bwana namwona nyumbani na kazini, na likizo sina.

Pua anapika vitu viwili. Cha kwanza ni spiriti ya ndevu. Analoweka karafuu na mdalasini ndani ya spiriti mpaka inageuka kahawia, kisha anawapaka wateja baada ya kuwanyoa. Inawasha hadi mtu mzima anaita mama yake, lakini inanukia vizuri. Cha pili ni shira ya kutia kwenye vinywaji, na hapo ndipo roho yake ilipo. Anabandika sufuria ya sukari na maji kwa kiasi sawa, anatia vijiti vya mdalasini, karafuu, tangawizi, ganda la chungwa, na iliki alizoziponda kwa mpini wa brashi ya kunyolea. Dada hajui habari za brashi, na kutoka kwangu hatazijua. Kuiva hakupimi kwa kijiko. Anachovya kitana, na shira ikitanda katikati ya meno ya kitana bila kudondoka, anazima moto. Ameapa kwamba kitana hicho ni cha jikoni tu. Nimeamua kumwamini, maana njia nyingine ni kuacha kunywa, na siwezi. Vijiko viwili tu kwenye glasi ya maji baridi na unasahau ulikuwa unalalamikia nini.

Tatizo ni chupa. Shira na spiriti zote anazitia kwenye chupa bapa za aina moja, zenye rangi moja, bila hata alama.

"Andika basi hata kwa mkaa," dada alimwambia.

"Alama ninayo," akajibu, akijigusa pua.

Sasa nimlete baba yetu. Baba alikuwa karani wa posta mpaka alipostaafu, na sijui barua za watu zilimmaliza maneno au vipi, lakini hasemi. Ukimpakulia chakula, anasukuma sahani kwa kidole kimoja na kusema, "Inatosha." Ukimsifu, "Inatosha." Siku Pua alipokuja kumposa dada, akamwaga sera kama mgombea, Baba alimsikiliza mpaka katikati akasema, "Inatosha." Mpaka leo shemeji hajui kama lile lilikuwa ndiyo au hapana. Alioa hivyohivyo, kwa wasiwasi.

Na tangu aoe, kila Baba akitutembelea Pua humwekea glasi ya shira. Baba hunywa funda moja, husukuma glasi kwa kidole, na lile neno linafuata. Shemeji hucheka pale mezani, kisha ukimfuata jikoni unamkuta ameegemea ukuta kama mtoto aliyenyimwa. "Shem," aliniambia siku moja, "mimi sitaki anisifu. Nataka aseme 'ongeza'. Mara moja tu." Nikamtania, lakini kusema kweli niliumia.

Ziara iliyopita Baba alijitahidi, akasema sentensi nzima. Aliinua glasi kwenye mwanga akauliza, "Hii ni ya kunywa au ya kubandikia stempu?" Kwa hiyo alipotuarifu kwamba anakuja tena, Pua aliapa kuipika nyepesi, inayotiririka kama maji.

Wiki hiyohiyo mafua yakamshika. Pua yake ikaziba kabisa, yaani kama mlango wa ofisi siku ya sikukuu. Hakumwambia mtu. Angemwambia nani, na jina lile? Mimi nilijua nilipomkuta amesimama juu ya sufuria ya maharage yanayotoa moshi mweusi, anapiga mluzi. Alipika shira kwa kukisia, akitia viungo kwa imani tu. Kitana hakikumsaidia, maana alitaka nyepesi, na kila alipokichovya ilidondoka. Asubuhi akabeba chupa moja kwenda kazini na kumwachia dada nyingine jikoni. Kabla ya kutoka alizinusa zote mbili kwa maringo. Angenusa matofali angepata harufu ileile.

Mteja wa kwanza alikuwa mwalimu mmoja, jirani yetu. Alinyolewa, akapakwa, akakaza uso akingoja kuwashwa.

"Leo haiwashi," akasema.

"Nimeiboresha," Pua akajibu bila aibu.

Mwalimu akajifuta kwa karatasi laini. Karatasi ikagoma kutoka. Akavuta, ikachanika, akachukua nyingine, nayo ikabaki. Aliingia kunyoa ndevu, akatoka na ndevu nyeupe za kutosha kumstaafisha, na nzi wawili wakimsindikiza. Nilitaka kusema kitu, lakini nilikuwa na sindano mdomoni na kicheko nyuma yake, nikaogopa kuvimeza vyote.

Ndipo Baba akaingia. Alikuwa amemwarifu dada kwamba atapitia kazini kwetu anyolewe kwanza, ndipo aende kwake akiwa safi. Pua akapata kiwewe. Alifuta kiti, akakifuta tena, akamfunga Baba shuka shingoni kwa adabu zote na kumnyoa taratibu. Kisha akajaza kiganja na kumpaka mashavu. Kwa kuwa ni mkwe, akaongeza hadi kwenye upara, kwa ukarimu, mpaka ukang'aa.

Simu yangu ikalia. Dada.

"Mwambie shemeji yako nimemimina hiyo shira yake kwenye glasi, machozi yananitoka! Hii ni spiriti ya ndevu! Asimpake Baba chochote!"

Sikuhitaji kumwambia. Dada ana sauti. Pua alisikia, mkono ukagandia hewani na chupa yake. Kwenye kioo nikamwona amefumba macho, midomo inacheza.

Wakati huohuo mchirizi ulitoka utosini kwa Baba, ukashuka kwenye paji, ukaambaa pembeni ya pua na kufika kwenye mdomo wa juu. Ulimi ukatoka. Ukarudi ndani. Tukangoja.

"Nini hii?" Baba akauliza.

Angeweza kudanganya. Huyu ni mtu aliyemwambia mwalimu ameiboresha. Lakini akaangalia sakafu.

"Ni shira, Baba. Nimechanganya chupa. Pua yangu imekufa, sinusi kitu, hata sijui nimepika nini. Nisamehe, Baba."

Ulimi ukatoka tena, safari hii kwa makusudi, ukafagia kona zote mbili.

"Nyumbani ipo?"

"Hapana, Baba. Iliyobaki ni hii tu."

"Basi acha kunimwagia kichwani. Lete glasi."

Nikakimbia mwenyewe kuleta glasi na maji baridi, uzi ukinifuata miguuni. Pua akatia shira, nusu kwenye glasi na nusu kwenye meza. Baba akanywa funda la kwanza. Akanywa la pili, ambalo hatujawahi kuliona katika ukoo huu. Akaendelea hadi mwisho, akiwa na shuka shingoni na nzi mmoja ametulia kwenye upara, hata hamfukuzi. Kisha akaweka glasi mezani, akanyoosha kile kidole, akaisukuma.

Nilimwona shemeji akijiandaa kucheka kile kicheko chake cha mezani.

"Ongeza," Baba akasema.

Pua aliongeza. Kisha akageukia ukuta, mabega yakimtikisika, akapenga kamasi kwa muda mrefu, akasema ni mafua tu. Kwa mara ya kwanza tangu awe shemeji yangu, sikumtania.